Kukabidhi Kazi Nusu Hangani: Mwongozo Kamili wa Makabidhiano ya Zamu kwa Mafundi wa Ndege

"Kazi inaendelea, endelea kutoka hapo." Maneno hayo, au ndugu zake wa karibu, ndiyo yanayojaza fomu za makabidhiano katika hanga nyingi, yaani majengo ya kutengenezea ndege. Anayeingia zamu anayasoma, anainua macho kwenye mkia wa ndege, na swali linabaki palepale: hapo wapi?

Mwongozo huu unashughulikia jambo moja: namna ya kumkabidhi mwenzako kazi ya matengenezo ambayo haijaisha, ili aiendeleze bila kubahatisha. Umeandikwa kwa fundi mwenye leseni, fundi msaidizi na msimamizi wa zamu. Wenye hanga kubwa za ndege za abiria utawafaa, na mwenye ndege ndogo mbili za Cessna kwenye kiwanja cha changarawe pia, ingawa huyo wa pili ana ugumu wake na tutamfikia.

## Kwa nini mafundi hodari hushindwa hapa

Ahadi ya "nitamwambia akifika" ndiyo kumbukumbu dhaifu kuliko zote, kwa sababu hakuna kinachoigutusha. Mwenzako anafika, mnasalimiana, anakuuliza habari za nyumbani, basi la wafanyakazi linapiga honi, na ile oringi (pete ya mpira ya kuzuia uvujaji) uliyotaka kumwambia imeshasahaulika.

Anayeingia naye ana udhaifu wake. Jicho huona linachotarajia kuona. Paneli yenye skrubu zote upande wa chini husomeka kichwani kama paneli iliyokamilika, hata kama juu hamna skrubu hata moja. Na kadiri fundi alivyo mzoefu, ndivyo kichwa chake kinavyojaza mapengo haraka zaidi.

Kwa hiyo kila hatua hapa chini ina lengo lilelile: kuitoa hali ya kazi kichwani mwa mtu na kuiweka kwenye karatasi na kwenye ndege yenyewe.

## Vinavyohitajika kabla ya kuanza

- Kadi ya kazi iliyogawanywa katika hatua ndogondogo, kila hatua na nafasi yake ya saini. Kadi inayosema "badilisha plagi" kwa mstari mmoja haifai. Iongezee karatasi ya hatua.
- Daftari moja la makabidhiano kwa kila ndege, kurasa zimepigwa namba, lenye nakala ya kaboni. Hanga yenye daftari la mafundi na jingine la wakaguzi ina mahali pawili pa kusahau.
- Tagi nyekundu zenye namba (50 zinatosha kuanzia) na tepe nyekundu ndefu za kuning'iniza.
- Mifuko ya plastiki yenye zipu, ya ukubwa wa aina mbili, na kalamu ya wino usiofutika.
- Rangi ya alama ya toki (toki ni kiasi cha nguvu ya kukazia), ile inayopasuka nati ikisogea.
- Kola za kufungia sakiti breka, na kibao cha USIWASHE cha kuweka koki piti, chumba cha rubani.
- Vifuniko vyekundu vya kuzibia matundu na mabomba, vilivyohesabiwa.
- Tochi ya kichwani kwa kila fundi, wa zamu ya mchana pia.
- Dakika 30 ambazo zamu mbili zinapishana, na zinazolipwa. Ndege ikiwa imefunguliwa kwa ukaguzi mkubwa, ziwe 45.

Hilo la mwisho ndilo wenye hesabu hulikata kwanza. Bila muda wa kupishana, fundi anayetoka anaandika akiwa amesimama mlangoni na begi begani, na hatua zote zinazofuata hazina maana.

## Hatua ya 1: Chagua mahali pa kukatia kabla hujashika spana

Mwanzoni mwa zamu, soma kadi yote na ujiulize: nikiishiwa muda, nitaiachia wapi? Weka alama ya penseli kwenye hatua mbili au tatu ambapo kazi inaweza kulala salama. Mahali pazuri pa kukatia ni pale kipande kipo nje kabisa au kimefungwa kabisa.

Halafu jiwekee mpaka: dakika 60 za mwisho usifungue kitu kipya. Zitumie kumalizia, kusafisha na kuandika.

Onyo: msimamizi akija saa moja kabla ya zamu kuisha akasema "fungua na ile ya kushoto ili wenzako wakute imefunguliwa", anaamini anawasaidia. Anachowapa ni kazi mbili nusu badala ya moja.

Utajua umefaulu kama unaweza kumwonyesha mtu kwenye kadi, kwa kidole, hatua utakayoishia leo.

## Hatua ya 2: Andika wakati unafungua

Kila kinachotoka kwenye ndege kinapata vitu vitatu papo hapo: mstari kwenye kadi, tagi nyekundu mahali kilipotoka, na mfuko wenye namba ya tagi hiyohiyo. Kisipoandikwa wakati mkono umekishika, kitaandikwa jioni kutoka kichwani, na kichwa cha jioni hakiaminiki.

Septemba 11, 1991, ndege ya Embraer 120 ya Continental Express ilivunjika angani karibu na Eagle Lake, Texas, na watu wote 14 waliokuwemo walikufa. Usiku uliotangulia, zamu ya jioni ilitoa skrubu 47 za upande wa juu kwenye ukingo wa mbele wa bawa la mkiani, kushoto, kwa kazi ya kubadilisha mpira wa kuondolea barafu. Skrubu za chini zilibaki mahali pake. Mkia wa ndege hiyo uko juu, umbo la herufi T, kwa hiyo aliyesimama sakafuni hakuona tofauti yoyote, na ndege ikasukumwa nje gizani.

Kilichofanya kesi hii ifundishwe hadi leo ni suala la dakika. Mkaguzi wa zamu iliyoingia alifika mapema, kama mtu mwenye bidii, akasoma karatasi ya makabidhiano. Mwenzake aliyekuwa amezitoa skrubu za juu alikuwa hajaandika bado. Akaandika baadaye, msomaji akiwa ameshasoma.

Ndege ilifanya safari moja salama asubuhi hiyo, ikavunjika wakati wa kurudi. Kwa hiyo mtu akikwambia "mbona imeruka vizuri tu", hajathibitisha kitu.

Onyo: usiweke skrubu za paneli mbili kwenye mfuko mmoja, hata kama zinafanana. Mfuko mmoja, tundu moja, tagi moja.

Utajua umefaulu kama wakati wowote wa zamu, ukiitwa ghafla na kuondoka, idadi ya tagi kwenye ndege, mifuko kwenye rafu na mistari kwenye kadi ni ileile.

## Hatua ya 3: Ifanye kazi nusu ionekane kwa mbali

Hatari kubwa hangani ni kitu kinachofanana na kilichokamilika. Nati iliyokazwa kwa vidole inafanana na nati iliyokazwa kwa toki. Paneli iliyoegeshwa inafanana na paneli iliyofungwa. Hivyo kanuni ni kali kidogo, na wengi huilalamikia: kisichokamilika, kitoe kabisa. Kama boliti iliingia kwa vidole na muda umekwisha, itoe, irudishe mfukoni, ziba tundu kwa kifuniko chekundu. Dakika tatu ulizopoteza zinamwondolea mwenzako nafasi ya kudanganywa na macho yake.

Ambacho hakiwezi kutolewa, kining'inizie utepe mwekundu mrefu unaoonekana kutoka sakafuni. Kama kazi iko juu ya mkia au ndani ya tundu la magurudumu, weka na tagi ya pili koki piti, kwenye usukani, kwa sababu rubani hatapanda ngazi kuangalia mkia.

Rangi ya kifaa cha kuzibia ina maana kubwa kuliko watu wanavyodhani. Oktoba 2, 1996, Boeing 757 ya Aeroperú iliondoka Lima usiku ikiwa na utepe wa kunatia uliobaki juu ya matundu ya kupimia mgandamizo wa hewa, baada ya ndege kusafishwa. Vipimo vya mwendo na kimo vikawapotosha marubani, na watu 70 wakafa baharini. Utepe huo ulikuwa na rangi ya kufanana na bati la ndege. Usizibe kitu chochote kwenye ndege kwa utepe wa fedha au mweupe, na usizibe bila kuhesabu na kuandika: vifuniko 4 vimeingia, 4 lazima vitoke.

Utajua umefaulu kama mtu asiye fundi, akizunguka ndege mara moja, anaweza kukuonyesha mahali kazi ilipo.

## Hatua ya 4: Andika hali ya kila kipande, kwa maneno yasiyo na maana mbili

Hapa Kiswahili chetu kitamu kinatuponza. Miongozo ya kiwandani iko kwa Kiingereza, kadi ziko kwa Kiingereza, lakini hangani tunaongea Kiswahili, na neno kufunga linabeba mzigo wa maneno manne. "Nimefunga nati" inaweza kuwa nimeiweka, nimeikaza kwa vidole, nimeikaza kwa toki, au nimeitia waya wa kuizuia isilegee. Pacha wake, kufungua, ni vivyo hivyo: nimelegeza? Nimetoa? Nimefungua mlango tu? Nimechomoa plagi ya umeme? Aliyesema anajua alichomaanisha. Aliyesikia naye anajua alichoelewa. Hakuna anayegundua kuwa ni vitu viwili.

Kwa hiyo kwenye makabidhiano, maneno "imefungwa", "imefunguliwa", "tayari" na "iko sawa" yapigwe marufuku, mdomoni na kwenye karatasi. Tumia haya:

- imewekwa tu: ipo mahali pake, haijakazwa;
- imekazwa kwa mkono: inahitaji toki;
- imekazwa kwa toki: andika kiasi, kipimo, na namba ya spana ya toki;
- imetiwa waya au imetiwa pini;
- imekaguliwa: na nani, saini ipo;
- imelegezwa, imetolewa, imechomolewa: kila moja kwa maana yake.

Kipimo cha toki kiandikwe kwa jina lake kamili. Paundi-futi 1 ni paundi-inchi 12, na anayesoma "30" bila kipimo anaweza kukata boliti au kuiacha inacheza.

Saa nayo ni mtego wa nyumbani. Ukisema "gundi ya kuzibia nimeipaka saa nne", mmoja anasikia 10:00, mwingine 22:00, na aliyezoea saa za Kizungu anaandika 04:00. Gundi ya kuzibia tangi la mafuta aina ya B-2 ina saa 2 tu za kupakika tangu ichanganywe, lakini kukauka kwake kunachukua muda mrefu zaidi, kulingana na joto na unyevu. Ukikosea kwa muda wa saa sita unaweza kulirudishia tangi mafuta kabla ya wakati. Andika kwa mtindo wa saa 24, na useme kama ni saa za hapa au UTC, saa za kimataifa. Afrika Mashariki tuko saa 3 mbele ya UTC, kwa hiyo 20:00 ya hapa ni 17:00 UTC.

Huu ni mfano wa maandishi yanayofaa, kwa Cessna 206 yenye injini ya Continental ya silinda 6, inayobadilishwa plagi za kuwashia injini:

> 17:20 saa za hapa. Plagi zote 12 za zamani zimetolewa, ziko stoo kwenye trei yenye namba za silinda, tagi 21. Juu, silinda 1 hadi 6: plagi mpya zimewekwa na gasketi mpya, zimekazwa kwa toki, paundi-inchi 330, spana ya toki namba 04, alama ya rangi ipo. Chini, silinda 1 na 2: vivyo hivyo. Chini, silinda 3: ilikuwa imekazwa kwa mkono, nimeitoa tena makusudi. Chini, silinda 3 hadi 6: matundu yamezibwa kwa vifuniko vyekundu 4, plagi 4 na gasketi 4 ziko mfuko 22, rafu ya pili. Nyaya za plagi: zote 12 hazijaunganishwa, ncha zimefunikwa. Swichi ya magneto imezimwa, ufunguo nimemkabidhi msimamizi. Kibao cha USIWASHE kipo koki piti. Injini haijajaribiwa. ANZA NA: plagi ya chini, silinda 3, hatua ya 9 ya kadi.

Linganisha na "plagi zinaendelea, za juu tayari". Toleo refu linachukua dakika nne kuandika.

Ona mambo mawili yaliyotajwa ingawa hayakufanyika: nyaya hazijaunganishwa, injini haijajaribiwa. Watu huandika walichofanya na kusahau walichobakiza, ilhali mwenzao anahitaji zaidi hicho cha pili. Na kiasi cha toki kitoke kwenye mwongozo wa injini iliyo mbele yako: plagi za Continental ni paundi-inchi 300 hadi 360, lakini injini za Lycoming zinataka 420. Aliyekariri namba moja atakosea ndege ya jirani.

## Hatua ya 5: Kutaneni kwenye ndege

Makabidhiano ya ofisini, mezani, chai mkononi, yanahamisha maneno tu. Nendeni wawili mpaka kwenye kazi. Kama iko juu ya mkia, pandeni wote. Tochi ziwake.

Anayetoka anasoma daftari, mstari kwa mstari. Anayeingia anagusa kila kinachotajwa: tagi 21, nimeiona, kifuniko cha silinda 4, kipo. Mkono ukigusa, jicho linalazimika kuacha kudhani. Kazi mkononi zikiwa zaidi ya moja, maliza ya kwanza kabla ya kuhamia ya pili.

Simu ziwekwe kimya. Bosi akija na swali la kesho, asubiri. Mkikatizwa, rudini hatua tatu nyuma kwenye kadi kabla ya kuendelea. Ni desturi ya zamani ya mafundi wa ndege, na ni nzuri kwa sababu hatua unayoikumbuka kuwa ya mwisho mara nyingi ni ile uliyokuwa unaikusudia.

Onyo: hakikisha unayemweleza ndiye atakayeifanya kazi. Kosa la kawaida ni kumweleza fundi wa kwanza aliyefika, kisha msimamizi anampeleka ndege nyingine, na maelezo yanaondoka naye. Mpangilio wa nani anafanya nini utangazwe kabla ya makabidhiano kuanza.

## Hatua ya 6: Anayeingia arudie kwa maneno yake

Kusikiliza huku ukiitikia "sawa, sawa" si kupokea. Anayeingia aeleze upya hali ya kazi na hatua ya kwanza atakayofanya. Hapo ndipo makosa ya maana mbili hufichuka.

Ugumu wa hatua hii uko kwenye heshima. Kijana wa miaka 24 aliyemwamkia fundi mkuu shikamoo hataki kuonekana anamhoji. Mzee naye anaweza kusikia swali kama dharau. Njia ya kupita katikati ni kuufanya mzigo uwe wa anayeuliza:

"Mzee, naomba nirudie nilivyoelewa, unisahihishe. Za juu zote sita zina toki na rangi. Chini, moja na mbili zina toki, tatu hadi sita ni matundu matupu. Nyaya zote bado. Nitaanza na chini namba tatu. Nimepata?"

Hakuna aliyevunjiwa heshima. Bora zaidi, mzee mwenyewe aanze: "Haya kijana, nirudishie." Msimamizi akiifanya kuwa kanuni ya hanga, inayomhusu kila mtu na kila siku, hakuna anayelazimika kuwa jasiri ili aulize.

Maswali matatu anayeingia asiache kuuliza: Nini kimekusumbua? Nini umeanza ukaacha? Kuna kitu umekifanya nje ya kadi? Hili la tatu huibua mambo: bomba lililosogezwa ili mkono upite, plagi ya umeme iliyochomolewa "kwa sekunde moja".

Utajua umefaulu kama anayetoka amesahihisha angalau neno moja mara kwa mara. Makabidhiano yasiyosahihishwa kamwe mwezi mzima ni ya kuigiza.

## Hatua ya 7: Hesabu, kisha saini

Kabla ya saini, hesabuni pamoja: zana kwenye ubao wake wa vivuli (ule uliochorwa umbo la kila zana), tagi, mifuko, vifuniko. Zana moja ikipungua, anayetoka haondoki. Ni kanuni inayochukiwa saa 12 jioni, lakini spana iliyopotea hupatikana kirahisi na aliyeishika mwisho.

Saini mbili, na saa. Kuanzia hapo kazi ni ya anayeingia. Saini ya makabidhiano haimaanishi kazi ya zamu iliyopita imekaguliwa. Kila hatua inabaki na saini ya aliyeifanya. Usisaini hatua ambayo hukuifanya wala kuiona, hata kama mwenzako ameshapanda basi. Hatua isiyo na saini ihesabiwe haijafanyika, ifanywe upya. Na kazi za mifumo ya kuongozea ndege zinazohitaji ukaguzi huru, yaani wa mtu wa pili ambaye hakuifanya kazi, zina mtego wa ziada: aliyepokea na kumalizia kazi hawezi tena kuwa mkaguzi wake wa pili. Mwandike mkaguzi huyo kwa jina mapema.

Februari 23, 1995, Boeing 737-400 ya British Midland ilipoteza karibu mafuta yote ya kulainishia katika injini zote mbili muda mfupi baada ya kuruka, ikatua Luton. Usiku wake injini zilikuwa zimekaguliwa kwa boroskopu, kifaa chembamba cha kuchungulia ndani ya injini, na vifuniko vya mahali pa kuzungushia rota havikurudishwa, kwenye injini zote mbili. Aliyeanza kazi alimkabidhi mwenzake kwa mdomo, bila karatasi ya hatua. Jaribio la kuwasha injini kuangalia uvujaji, ambalo lingefichua kila kitu chini, halikufanyika. Ona pia kosa la pembeni: kazi ileile ilifanywa kwenye injini mbili usiku mmoja na mikono ileile. Ukiweza, injini mbili zipewe mafundi wawili, au usiku mbili.

## Pale hali isiporuhusu

Hakuna wa kupishana naye. Uko kiwanja cha mbuga au kisiwani, fundi mwenzako anakuja kesho kwa ndege nyingine. Andika kama hatua ya 4, piga picha zenye tagi zikisomeka, ziba, weka kibao koki piti, kisha mpigie simu akiwa na picha mbele yake na umsikilize akirudia. Ujumbe wa sauti wa WhatsApp peke yake usitosheke nao: haurudiwi, na ukiulizwa wiki ijayo umefunikwa na mialiko ya harusi. Picha inasaidia daftari, haichukui nafasi yake.

Uko peke yako. Fundi pekee wa kampuni ndogo anajikabidhi mwenyewe wa kesho, na wa kesho ni mtu mwingine kabisa. Fanya hatua 1 hadi 4 zote, na asubuhi anza kwa kugusa kila tagi.

Alfajiri. Kati ya 02:00 na 06:00 mwili uko chini kabisa. Mtu aliyekaa macho saa 17 mfululizo hupungukiwa uwezo kama mwenye pombe asilimia 0.05 kwenye damu, na hajijui. Juni 1990, kioo cha mbele cha BAC One-Eleven ya British Airways kiling'oka angani. Boliti 84 kati ya 90 zilikuwa nyembamba kuliko zinazotakiwa. Msimamizi wa zamu alikifunga mwenyewe alfajiri, akichagua boliti kwa kulinganisha na za zamani kwa macho. Kwa hiyo kwenye daftari andika namba ya kipuri kutoka kwenye orodha ya vipuri. "Kama ile ya zamani" haitoshi. Makabidhiano yakiangukia saa hizo, soma kwa sauti na msimame.

Ramadhani. Hanga ya pwani ikibadilisha zamu 18:00 au 18:30, ni hapohapo adhana inapokaribia. Hakuna fundi aliyefunga atakayesikiliza mistari kumi huku tende iko mkononi. Sogeza makabidhiano yaanze 17:15, au mfuturu kwanza pamoja na mkabidhiane baada ya swala. Kazi za kupanda juu na kuhesabu ziwekwe mapema mchana.

Ndege inadaiwa. Abiria wanasubiri, bosi anapiga simu kila dakika kumi. Usifupishe hatua ya 5 na 7. Kama lazima kitu kikatwe, kata ukubwa wa kazi: ahirisha kinachoruhusiwa kuahirishwa kisheria, kiandikwe kwenye daftari la ufundi la ndege.

## Kupima kama mambo yanakwenda

Mara moja kwa wiki, msimamizi achukue daftari la ndege iliyo wazi ampe fundi asiyehusika kabisa na kazi ile. Dakika 10, kusoma tu, bila kumuuliza mtu. Kisha aeleze: kimetolewa nini, kiko wapi, kimebaki nini, pa kuanzia ni wapi. Mkiiendea ndege, aliyoyasema yakutwe. Akishindwa, tatizo ni la mwandishi, na arudishiwe ukurasa wake auandike upya akiwa bado anakumbuka.

Na siku skrubu moja itakapobaki mfukoni na tagi zote zimeshatoka, ndege haisogei. Chukueni mfuko, someni namba yake, fungueni paneli hiyo mkaangalie. Aliyeripoti asipokewe kwa kelele. Akipokewa kwa kelele, skrubu inayofuata itaishia kwenye pipa la taka na hakuna atakayeisikia. Andikeni tukio kwenye mfumo wa taarifa za usalama wa kampuni, na muandike ni mstari upi wa daftari uliokosekana.